Je, Parsifal ya Wagner ni opera ya Kikristo?

SWALI: Bwana Yesu asifiwe, mtaalamu. Mimi ni mwalimu wa kwaya katika usharika wa Kilutheri mkoani Kilimanjaro. Mgeni wetu kutoka Ujerumani alituachia rekodi ya Parsifal ya Richard Wagner, akasema kwao wengi huisikiliza kila mwaka karibu na Pasaka, karibu kama ibada. Nimeisikiliza na imenigusa sana. Baadaye nikasoma kwamba Wagner aliwachukia Wayahudi na kwamba Hitler aliupenda muziki wake. Mzee mmoja wa kanisa anasema tuitupe. Naomba unieleze: opera hii ni ya Kikristo kweli? Muziki wake unasema nini? Na kwaya yangu inaweza kuimba kipande chake Ijumaa Kuu?

JIBU: Amina, Mwalimu. Nikupe kwanza jibu fupi, halafu nilifungue. Parsifal imeazima vyombo vya kanisa na kuvitumia kuhubiri dini ya Wagner mwenyewe, dini ya huruma. Huruma hiyo si ya kuigiza, na muziki unaieleza vizuri kuliko maneno. Lakini ina mpaka, na mpaka huo unaonekana kwa mtu mmoja katika hadithi, mwanamke aitwaye Kundry. Anayetaka kuipima opera hii asimkodolee macho sana Parsifal. Amfuate Kundry.

Kwa kuwa rekodi haikuonyeshi jukwaa, nikusimulie kwanza kinachotokea. Huko Monsalvat, katika milima ya kaskazini mwa Hispania, udugu wa askari watawa unatunza vitu viwili: kikombe alichokitumia Mwokozi katika karamu ya mwisho, kile kile kilichokinga damu yake msalabani, na mkuki uliomchoma ubavuni. Mfalme wao Amfortas alitoka na mkuki huo kwenda kupambana na mchawi Klingsor, akanaswa na mwanamke, akanyang'anywa silaha, akachomwa nayo. Jeraha lake halifungi. Kila anapokifunua kikombe, kinampa uhai na jeraha linatoka damu upya, kwa hiyo haponi wala hafi. Kuna unabii kwamba atakuja mjinga asiye na hila, atakayepata maarifa kwa kuhurumia. Anatokea Parsifal, kijana wa porini ambaye ametoka kumuua bata maji kwa mshale. Anashuhudia ibada ya kikombe, haelewi kitu, anafukuzwa.

Katika sehemu ya pili Kundry, yule yule aliyemnasa mfalme, anatumwa na Klingsor amnase na Parsifal. Anambusu. Ndani ya busu hilo kijana anausikia uchungu wa Amfortas katika mwili wake mwenyewe, anapiga kelele, anamkataa. Klingsor anamrushia mkuki, unasimama hewani juu ya kichwa chake. Anaudaka, anachora nao ishara ya msalaba, ngome inaporomoka. Sehemu ya tatu ni miaka mingi baadaye, siku ya Ijumaa Kuu. Parsifal amechoka kutangatanga. Anaoshwa miguu na Kundry, anapakwa mafuta awe mfalme, anambatiza Kundry, kisha analigusa jeraha la Amfortas kwa mkuki ule ule uliolifungua, nalo linapona.

Ubatizo, kuoshwa miguu, mafuta, Meza ya Bwana, njiwa anayeshuka mwishoni: sikushangai kudhani uko kanisani. Lakini shika maandishi yenyewe mkononi uyasome. Jina Yesu halimo, wala Kristo halimo, katika opera ya zaidi ya saa nne jukwaani. Wanasema Mwokozi, Mkombozi, au "Yeye" tu. Ijumaa Kuu ipo, kaburi tupu halipo. Na wokovu unakuja kwa njia ambayo Luther asingeitia saini: mtu mmoja anayaonja maumivu ya mwenzake, anaikana tamaa, na kwa hilo anapata uwezo wa kuponya. Neema inayoshuka bila kustahiliwa utaitafuta sana humu.

Kuna mahali pengine ambapo mchungaji wako angesimama ghafla. Katika ibada ya sehemu ya kwanza, sauti za vijana zinaimba kwamba zamani Bwana wa kikombe aligeuza divai na mkate kuwa damu na mwili wake. Mpaka hapo ni sawa. Beti inayofuata inasema kwamba leo damu na mwili vinageuzwa kuwa divai na mkate, viwaburudishe ninyi. Umeona kilichotokea? Mwelekeo umepinduliwa. Kanisani kitu cha duniani kinabeba cha mbinguni. Kwa Wagner kitu cha mbinguni kinashuka kuwa chakula cha kuwatia watu nguvu wakafanye kazi ya udugu wao. Hakukosea. Aliijua liturujia vya kutosha kujua anapindua nini.

Alikuwa ameshasema mwenyewe anachokusudia. Katika insha yake ya mwaka 1880 juu ya dini na sanaa aliandika kwamba pale dini inapokuwa ya kutengenezwatengenezwa, ni kazi ya sanaa kukiokoa kiini chake, kwa kuichukua mifano ambayo dini inataka iaminiwe kama ilivyo na kuonyesha ukweli uliofichika ndani yake. Kwa hiyo njiwa, kikombe na mkuki kwake ni mifano. Ukweli alioutaka aliuokota kwingine. Mwaka 1854 alimsoma mwanafalsafa Arthur Schopenhauer, aliyefundisha kwamba viumbe vyote vinasukumwa na utashi mmoja usiotosheka, kwamba mateso yanatoka humo, na kwamba huruma ndiyo msingi wa maadili yote. Mwaka 1856 Wagner akaandika muhtasari wa tamthilia ya Kibuddha, Die Sieger, ambayo hakuimaliza. Mabaki yake yamo ndani ya Parsifal: Kundry amezaliwa mara nyingi kwa majina mengi, na mkuki unaosimama hewani unafanana na masimulizi ya silaha zilizomshindwa Buddha chini ya mti. Hata bata maji aliyeuawa ni fundisho la huruma kwa mnyama. Gurnemanz, mzee wa udugu, anamlazimisha kijana amtazame yule ndege, damu iliyoganda, mabawa yaliyolegea, mpaka kijana anauvunja upinde wake. Hapo hakuna fundisho lolote la kanisa, na mimi naona ni mahali pa kidini kuliko sherehe yote ya kikombe inayofuata.

Hadithi ya msingi aliitoa kwa Wolfram von Eschenbach, mshairi wa Kijerumani wa mwanzoni mwa karne ya 13. Aliyoyaacha nje yanasema mengi. Kwa Wolfram, Parzival ana kaka wa baba mmoja aitwaye Feirefiz, mtoto wa malkia mweusi Belakane wa nchi ya Wamori, na ngozi yake ina mabaka meusi na meupe. Ndugu hao wanapigana bila kujuana, wanatambuana, wanakumbatiana, na Feirefiz anakwenda pamoja na kaka yake hadi penye kikombe. Anabatizwa, anamwoa mwanamke anayekibeba, na mtoto wao anakuwa yule Kasisi Yohane, mfalme Mkristo wa ngano, ambaye Wareno waliopita pwani yetu miaka mia tatu baadaye walikuwa bado wanamtafuta. Yote hayo Wagner ameyafuta. Mshairi wa zama za Vita vya Msalaba alikuwa na nafasi ya Mwafrika mezani. Mtunzi wa karne ya 19 hakuwa nayo. Badala yake maelekezo ya jukwaa yanaiweka ngome ya Klingsor upande wa kusini wa mlima, ikitazama Hispania ya Waarabu, na Kundry anapokuja kumshawishi Parsifal anavaa mavazi yanayokaribia mtindo wa Kiarabu. Msomaji wa Zanzibar au Muscat atakuwa ameshaelewa anapewa nafasi gani katika mchezo huu. Cha ajabu ni kwamba dawa ya kutuliza jeraha la mfalme nayo inatoka Arabuni, na anayeileta ni huyo huyo Kundry.

Sasa muziki, na hapa nitakaa, kwa sababu ndipo opera yenyewe ilipo.

Weka utangulizi wa okestra. Unaanza na wimbo mmoja mrefu unaopigwa kwa pamoja na fidla, selo, klarineti na basuni, bila kodi yoyote (sauti kadhaa zinazolia kwa pamoja) chini yake. Kwa solfa unaanza do, mi, so, la, rahisi kama zaburi. Jaribu kuhesabu mapigo na utapotea, maana Wagner ameyafunika kwa noti zinazoanza katikati ya pigo na kuvuka kwenda jingine. Huu ndio wimbo utakaoimbwa baadaye kwa maneno ya Meza ya Bwana. Usikilize tena polepole. Ukifika katikati unapinda, unaegemea maina, yaani ngazi ya sauti za huzuni, unatoa mguno mdogo wa nusu hatua, halafu unajiinua kwa noti chache zinazopanda. Mguno ule utakuwa sauti ya jeraha la Amfortas. Noti zile zinazopanda zitakuwa mkuki. Yaani meza, jeraha na silaha vimo katika pumzi moja kabla pazia halijafunguka. Mahubiri yote ya Wagner yamo hapo: kitu kitakatifu na kitu kinachouma havikutengana tangu mwanzo, na anayetaka kimoja atakipata na cha pili.

Baada ya wimbo huo zinakuja kodi zinazopanda ngazi kwa ngazi hadi juu, laini sana. Hiyo ni Amina ya Dresden. Wagner hakuitunga, ilitokana na Johann Gottlieb Naumann katika karne ya 18, ikazoeleka katika makanisa ya Saxony, jimbo la Ujerumani ambalo Dresden ni mji wake mkuu, ya Kikatoliki na ya Kilutheri. Wagner alizaliwa Leipzig mwaka 1813, akabatizwa katika kanisa la Mtakatifu Thomas ambako Bach aliwahi kuwa mwalimu wa kwaya, na baadaye akafanya kazi Dresden katika okestra ya mfalme. Alikua na Amina ile masikioni. (Wamisionari walioingia Kilimanjaro mwaka 1893 walitoka mji huo huo wa Leipzig, kwa hiyo masikio yenu hayako mbali na yake kama unavyoweza kufikiri.) Na yuko mtunzi mwingine aliyeitumia Amina hiyo kabla yake: Felix Mendelssohn, katika simfonia aliyoiandika mwaka 1830 kwa ajili ya miaka 300 ya Ungamo la Augsburg, tamko la imani la Walutheri. Mendelssohn alizaliwa katika familia ya Kiyahudi, akabatizwa, akawa Mlutheri. Mwaka 1850 Wagner alichapisha kwa jina la bandia makala ya chuki juu ya Wayahudi katika muziki, na Mendelssohn alikuwa miongoni mwa waliolengwa: ana kila kipaji, alidai, ila hawezi kugusa moyo kwa sababu ni Myahudi. Mwaka 1869 akaichapisha upya, safari hii kwa jina lake mwenyewe. Halafu kwenye kitu chake kitakatifu kuliko vyote anaweka Amina ambayo Mendelssohn alishaimbisha okestra nusu karne kabla yake.

Kitu cha tatu katika utangulizi ni wimbo wa imani, unaopigwa na tarumbeta na pembe kwa nguvu. Ukishapita, wimbo wa kwanza unarudi, safari hii umejaa maumivu, na utangulizi unaishia kwenye kodi isiyotua. Wagner anakunyima "do".

Kengele nazo zisikupite. Gurnemanz anapompeleka Parsifal hekaluni, wawili hao wanaonekana kutembea huku mandhari ndiyo inayosogea. "Unaona, mwanangu," mzee anasema, "hapa wakati unageuka kuwa mahali." Mwaka 1882 mandhari hiyo ilikuwa turubai ndefu inayoviringishwa, na ilikuwa ndefu kuliko muziki, hata msaidizi wa Wagner, Engelbert Humperdinck, akalazimika kuongeza vipande vichache vya noti ili watembezi wafike. Chini ya yote zinagonga noti nne, do, so, la, mi, zinazoshuka na kurudiwa bila kubadilika. Wagner alizitaka chini mno kiasi kwamba kengele halisi za sauti hiyo zingekuwa kubwa kupita jengo, ndipo fundi wa piano wa Bayreuth, mji wa Ujerumani wenye jumba la opera la Wagner, aitwaye Steingraeber, akatengeneza chombo cha nyaya nene kuziigiza. Katika sehemu ya tatu kengele zinarudi, lakini muziki unaozizunguka umeoza. Wanabeba jeneza la Titurel, baba yake Amfortas, aliyekufa kwa sababu mwanawe amekataa kukifunua kikombe. Ibada ile ile, noti zile zile, na watu wanaokaribia kumrukia mfalme wao kwa hasira. Wagner hakuwa mjinga kuhusu ibada. Alijua inaweza kuwa ukatili ikiwa wanaoitaka hawamwoni mtu anayeumia mbele yao.

Umbo la ukumbi nalo lina kazi yake. Parsifal iliandikwa kwa ajili ya jumba moja tu, lile alilojijengea Bayreuth, ambako okestra inakaa ndani ya shimo lililofunikwa na sauti inatoka ikiwa imekwishachanganyika, huwezi kusema hii ni fidla na hii ni filimbi. Claude Debussy, mtunzi wa Kifaransa ambaye aliidhihaki hadithi yenyewe, alikiri kwamba okestra ya Parsifal ni kama imemulikwa kutoka nyuma. Redio ndogo haitakupa hilo, tafuta hedifoni.

Kundry sasa. Katika sehemu ya pili anamweleza Parsifal laana yake: alimwona Yeye, akiwa njiani kwenda kufa, akacheka. Kwenye neno la kucheka Wagner anamwangusha mwimbaji kutoka B ya juu hadi C shapu ya chini, karibu oktava mbili kwa mruko mmoja, na okestra inanyamaza. Hakuna kitu kama hicho mahali pengine katika opera hii. Tangu siku ile anatafuta jicho lile lililomtazama, karne kwa karne, na kila anapodhani amelipata, kicheko kinarudi na mwanamume mwingine anaanguka mikononi mwake. Hawezi kulia. Mimi simjui mhusika mwingine wa opera za Kijerumani aliyeandikiwa mateso mazito namna hiyo.

Halafu anafanywaje? Katika sehemu yote ya tatu ana neno moja tu, analolisema mara mbili: "Kutumika, kutumika." Baada ya hapo yuko jukwaani zaidi ya saa nzima bila kuimba. Anabatizwa, anainamisha kichwa, na machozi yanamtoka; ndipo obo inaingia na muziki wa Ijumaa Kuu, na Gurnemanz anaeleza kwa nini majani na maua yanafurahi siku ya huzuni: uumbaji hauwezi kumwona Yeye msalabani, kwa hiyo unamtazama binadamu aliyekombolewa. Ni ukurasa mzuri sana, labda bora kuliko yote aliyoandika. Lakini mwishoni, wakati kwaya inaimba juu, kodi moja ya maina inapita ghafla katikati ya mwanga wote, na Kundry anaanguka amekufa. Amfortas mwenye dhambi anapona na kuishi. Kundry mwenye dhambi anasamehewa na kufa. Hakuna anayesema kwa nini.

Hapo ndipo swali la Wayahudi linapoingia, na sitaki ulipokee kwa mafungu ya kishabiki. Katika maandishi ya opera hakuna Myahudi anayetajwa. Ila katika muhtasari wa mwaka 1865, alioandikiwa Mfalme Ludwig II wa Bavaria, Wagner mwenyewe anamfananisha Kundry na Myahudi wa ngano aliyemdhihaki Kristo akahukumiwa kuzunguka dunia milele. Na maneno ya mwisho yanayoimbwa ni "Ukombozi kwa Mkombozi." Yana tafsiri nyingi. Ya karibu zaidi na hadithi ni kwamba Parsifal, katika sehemu ya pili, alimsikia Mwokozi akilia kutoka ndani ya kikombe aokolewe na mikono michafu, na sasa kilio kimejibiwa. Wengine wanasema ni Kristo kuondolewa mikononi mwa makasisi na mafundisho yao. Wapo wanaosema ni Kristo kuondolewa Uyahudi wake, na hawakulitoa hewani: katika ile insha ya 1880 Wagner aliandika kwamba ni jambo la kutiliwa shaka sana kama Yesu alikuwa wa kabila la Kiyahudi, na mwaka uliofuata, akiwa amevutwa na nadharia za rangi za Mfaransa Gobineau, aliandika juu ya damu ya Yesu kama dawa ya mataifa yaliyoharibika. Wanaomtetea wanajibu kwamba mpango wa opera ni wa 1865 na beti zake ni za 1877, kabla hajazama katika Gobineau. Ni hoja nzuri kuhusu Gobineau. Kuhusu chuki yake kwa Wayahudi haisaidii, maana hiyo ilishachapwa 1850.

Aliyeongoza onyesho la kwanza, tarehe 26 Julai 1882, alikuwa Hermann Levi, mtoto wa rabi. Wagner hakupenda. Mfalme Ludwig ndiye aliyetoa okestra ya Munich, na okestra ilikuja na kondakta wake. Wagner alimshinikiza abatizwe, Levi akakataa. Mwaka 1881 ilifika barua isiyo na jina ikimtaka Wagner asimruhusu Myahudi kuigusa kazi ile. Levi alipopewa barua hiyo aisome aliondoka mjini, na Wagner akamwandikia arudi. Akarudi. Levi huyo huyo alimwandikia baba yake kumsifu Wagner kwa upendo mkubwa, na mwaka 1883 alikuwa miongoni mwa waliobeba jeneza lake. Mtu ambaye kazi inaweza kusomwa kama inamfukuza ndiye aliyeipa uhai mara ya kwanza. Sijui msomaji gani anaweza kulisoma hilo akabaki na jibu la upande mmoja.

Na Hitler? Ni kweli aliipenda Bayreuth, alikuwa rafiki wa familia ya Wagner, na mapambo mapya ya Parsifal ya mwaka 1934 yalifanyika kwa kumridhisha. Lakini baada ya 1939 Parsifal haikuchezwa Bayreuth muda wote wa vita. Ilirudi 1951, mjukuu wa mtunzi, Wieland Wagner, akiwa ameufagia ukumbi, akaacha mwanga na giza tu na kumwondoa hata njiwa. Opera yenye mfalme mgonjwa na shujaa ambaye ushindi wake ni kuhurumia haikuwa rahisi kuifanya wimbo wa vita. Hilo halimsafishi mtunzi. Israel mpaka leo muziki wake hauchezwi hadharani ila kwa nadra na kwa ugomvi, na ninawaelewa.

Kuhusu "ibada" aliyokueleza mgeni wenu, sehemu kubwa ni desturi ya wasikilizaji. Wagner alikataa kuiita opera, akaiita tamasha la kuweka wakfu jukwaa, akaizuia isichezwe nje ya Bayreuth. New York walilikiuka zuio hilo mkesha wa Krismasi 1903, na haki zilipoisha mwishoni mwa 1913 majumba ya Ulaya yakaikimbilia. Ikazuka na mila ya kutopiga makofi baada ya sehemu ya kwanza. Wagner mwenyewe mwaka 1882 aliwapigia waimbaji wa wasichana wa maua, warembo wa bustani ya Klingsor, kelele za "Bravo!" na watazamaji wakamzomea kwa kuvunja utakatifu. Hata kisa chake kwamba wazo lilimjia asubuhi ya Ijumaa Kuu ya mwaka 1857 alikuja kukikana mbele ya mkewe Cosima: haikuwa Ijumaa Kuu, ilikuwa siku nzuri tu. Waongozaji wa siku hizi hawana woga huo. Mwaka 2016 Bayreuth iliipeleka hadithi Mashariki ya Kati, na mwishoni wahusika wakatupa alama za dini zao zote ndani ya jeneza la Titurel. Naona walirahisisha mambo, kwa sababu muziki pale mwishoni hautupi kitu. Ule wimbo wa kwanza unarudi, mwanzo wake tu, unapanda na kupanda bila mguno wake, mpaka unatua kwenye "do" uliyonyimwa saa nne zilizopita.

Kwa hiyo mwambie mzee asiitupe rekodi, na wewe usiipeleke kanisani nzima. Amina ya Dresden ni mali ya kanisa tangu kabla ya Wagner, iimbeni mtakavyo. Beti zile za vijana kuhusu kugeuzwa kwa damu na mwili ziacheni. Mchungaji akiuliza maana yake utakuwa na kazi kubwa. Kipande kinachowafaa kiko hapo hapo katika sehemu ya kwanza, kile ambacho Wagner amekiweka juu kabisa kwenye kuba, sauti za watoto bila ala: imani ingali hai, njiwa mjumbe wa Mwokozi anaelea, kunyweni divai inayomiminwa kwa ajili yenu, twaeni mkate wa uzima. Hakuna neno lililopindwa humo. Ni kifupi, lakini kigumu: hakuna kinanda cha kuwashikilia, na mkishuka robo ya sauti kila mtu atasikia. Anzeni mazoezi mapema, sauti za juu peke yao kwanza. Na msiimbe Ijumaa Kuu. Maneno hayo ni ya Meza ya Bwana, mahali pake ni Alhamisi Kuu jioni.